Dada wa Marehemu

Wapo wanawake hufiwa na mume wakalia mpaka sauti ikakauka, wakakalishwa mkekani, wakapewa pole na kila apitaye. Akwero hata hiyo hakuipata. Siku mume wake alipozikwa alikuwa jikoni, moshi machoni, akigeuza sufuria ya wali wa watu sitini. Kwenye karatasi za serikali, midomoni mwa majirani, hata kwa masheikh waliokuja kusoma, yeye hakuwa mke wa marehemu. Alikuwa dada yake. Na lililomkereketa zaidi ni kwamba uongo huo hakubandikiwa na adui. Aliutia dole gumba mwenyewe, akili zake timamu, na siku ile alimshukuru Mungu.

Mume huyo aliitwa Oloya, fundi wa magari, Mwacholi wa kuumeni na kukeni. Walifunga ndoa kanisani huko Gulu mwaka wa sitini na nne, ng'ombe wakalipwa wote, hakuna mkwe aliyebaki akinung'unika. Kampala walikuja kutafuta maisha kama watu wengine. Oloya akapata kazi karakana ya polisi, Akwero akawa anauza simsim na karanga za kusaga mtaani, watoto wawili wakazaliwa, msichana Aloyo na mvulana Ocen. Si kwamba walikuwa na raha ya kupindukia, lakini walilala usiku wakaamka asubuhi, na hilo lenyewe lilikuja kuwa jambo la kutamaniwa.

Kisha jeshi likashika nchi. Mwanzoni watu walishangilia, tusidanganyane. Lakini ilipofika mwisho wa mwaka wa sabini na mbili, jina la Kiacholi kama Oloya lilikuwa hukumu tayari, linangoja msomaji tu. Ndugu zake wawili waliokuwa askari walichukuliwa kambini na hawakurudi. Pale karakana, Jumatatu moja, mafundi sita wa kaskazini waliitwa ofisini na spana zao zikabaki mezani. Oloya alikuwa kitandani na malaria. Homa ndiyo iliyomwokoa, homa ile ile aliyokuwa akiilaani tangu Jumamosi.

Usiku huo Akwero hakulia wala hakuomba dua ndefu. Alikwenda kwa Uthman, akamleta mpaka kitandani kwa Oloya. Huyu Uthman alikuwa Mnubi, wa watu waliopendelewa na jeshi lile, fundi mkuu katika karakana nyingine ya serikali, na yeye na Oloya walikuwa wamekula chungu kimoja tangu ujana wao. Sasa kuna jambo moja la Wanubi ambalo lazima lieleweke. Mnubi huzaliwa, lakini pia hufanywa. Mtu akisilimu, akioa kwao, akala kama wao na kuvaa kama wao, wazee wao humhesabu wao, na babu yake haulizwi tena. Na Wanubi wa Gulu huongea Kiacholi kama maji, kwa hiyo ulimi wa Oloya usingemsaliti.

"Ninaye dada yangu, Safinah," Uthman alisema baada ya kufikiri sana. "Amefikia umri. Akimwoa yeye, ni shemeji yangu, Mnubi wa Gulu, jina lake Sulaimani. Mimi mwenyewe nitatia sahihi ya udhamini pale kazini. Lakini shemeji, wewe nitakuweka wapi? Mtu aliyehamia jana na mke Mwacholi na cheti cha kanisa, huyo tutamficha vipi?"

Oloya akafungua mdomo. Akwero alimtangulia.

"Mimi ni dada yake," alisema. "Mume wangu alikufa. Nina watoto wawili, nakaa kwa kaka yangu."

Funika kombe mwanaharamu apite, ndivyo alivyowaza. Kumbe mwanaharamu huyo hakuwa mpita njia. Alikuja na kitanda chake.

Basi Akwero akawa Rukiah. Akajifunza kutawadha, akafunga Ramadhani, akaufunga mtandio kichwani kama mama mkwe wa Uthman alivyomwonyesha. Kazini walipewa nyumba ya vyumba viwili Bukoto, na karani akaja na fomu ya familia. Mke: Safinah. Dada wa mfanyakazi: Rukiah, mjane, watoto wawili. Akwero akachovya dole gumba kwenye wino akalikandamiza. Mume wake alikuwa hai, ameketi hatua mbili kutoka kwake, anapuliza chai, na yeye ni mjane.

Chumba cha mbele kilikuwa cha Oloya na Safinah. Cha nyuma cha Akwero na watoto. Ukuta ulikuwa wa tofali moja, na tofali moja halizuii sauti. Tangu siku ile hakulala na mume wake tena hata mara moja, maana mjane akishika mimba majirani wataanza kuhesabu. Miaka minne na zaidi. Wakikutana uani asubuhi, Oloya alimwambia, "Umeamkaje, dada?" na macho yake yakatafuta ndoo, mlango, kitu chochote cha kutazama. Akwero alimpenda bado. Alimpenda na kumchukia kwa mkupuo mmoja, na zote mbili alizimeza.

Safinah hakuwa mtu mbaya, na hilo lilifanya mambo yawe magumu zaidi. Alikuwa msichana wa miaka kumi na minane aliyepewa mume kama mtu anayepewa mzigo amshikie mwenzake. Alipojifungua binti wake, ni Akwero aliyemshika mgongo usiku kucha na kumkata mtoto kitovu. Mbele za watu walikuwa mawifi. Milango ikifungwa, Safinah alimwita mwenzangu, kwa sauti ya chini, kama anayeomba radhi.

Kazi kubwa ilikuwa watoto. Ocen alikuwa na miaka mitatu mambo yalipobadilika, akaambiwa huyu ni mjomba, akaamini, basi. Aloyo alikuwa na sita, na sita ni umri wa kukumbuka. Akwero alimfundisha kila jioni, wakichambua mchele.

"Jina lako?"

"Aminah."

"Yule ni nani?"

"Mjomba Sulaimani."

"Baba yako?"

"Alikufa zamani. Mimi mdogo."

Akikosea anapigwa kijiti kwenye vidole. Akwero alimpiga kweli kweli, mtoto akalia, na Oloya akasikia akiwa chumba cha mbele na hakuja. Baada ya mwezi mmoja Aloyo hakukosea tena.

Siku moja Kalerwe, soko alilohamia ambako hakuna aliyemjua, Akwero akiwa nyuma ya beseni lake la simsim, mwanamke alisimama akamkodolea macho kisha akamwita jina lake la kuzaliwa. Alikuwa Filda, aliyesimamia harusi yake kanisani, amekonda, amebeba mtoto mgongoni. Hapo karibu palikuwa na askari wawili wakinunua mihogo.

"Umenifananisha, mama," Akwero alimjibu. "Mimi Rukiah."

Filda alielewa, au hakuelewa, hakuna ajuaye. Alisema samahani akaenda zake, na hakuonekana tena pale sokoni. Akwero aliuza simsim yake yote siku hiyo.

Mwezi wa kwanza wa mwaka wa sabini na saba, Oloya aliingia chini ya lori kurekebisha gia, na jeki ikateleza. Walioleta habari walisema hakuumia kwa muda mrefu. Huwa wanasema hivyo. Alizikwa alasiri ile ile makaburi ya Waislamu, na wanawake hawakwenda.

Safinah akakaa eda. Alivikwa nguo nyeupe, akatandikiwa chumba cha mbele, miezi minne na siku kumi, hapigi hatua nje bila dharura, hajipambi, na wanawake wa Kinubi wakaja kwa zamu kumshikia mkono na kumsomea. Akwero ndiye aliyepeleka maji ya kunawa. Alipita katikati yao na birika, na bibi mmoja akamwambia, "Jikaze, binti yangu, kaka ni kaka, lakini mke ndiye aliyevunjika." Akwero akaitikia, "Ni kweli, bibi." Alirudi jikoni akang'ata kanga mpaka meno yakauma. Alitaka ule mkeka. Mbele ya Mungu wake na wa kwao, alitaka ule mkeka kuliko chakula.

Lakini mkeka ungeweza kusamehewa. Kilichomwondolea usingizi ni barua iliyofika wiki ya tatu. Kwa kuwa marehemu amefia kazini, iliandikwa, mke wake atalipwa fidia. Watoto wake wote watalipiwa karo mpaka wamalize sekondari. Na familia itaendelea kukaa katika nyumba ya Bukoto mpaka mtoto wa mwisho amalize. Jamaa wengine waliokuwa wakiishi na marehemu wahame ndani ya siku thelathini. Chini yake palikuwa na orodha ya watoto wa marehemu. Orodha yenyewe ilikuwa jina moja, la binti wa Safinah, ambaye alikuwa bado ananyonya.

Aloyo alisomewa barua hiyo? Hakusomewa, aliisoma mwenyewe. Alikuwa na miaka kumi na moja, wa kwanza darasani, na ndiye aliyemtafsiria mama yake.

"Sisi ni jamaa wengine," alisema, akaikunja barua ilivyokuwa.

Hapo ndipo Akwero alipoamua. Fedha wachukue, alijiambia. Wachukue zote, wamnunulie Uthman gari. Lakini watoto wa Oloya waandikwe watoto wa Oloya, wasome, wasifukuzwe nyumba ambayo baba yao ameifia. Hilo tu. Na cheti cha kanisa kilikuwepo. Hakukichoma ingawa aliapa amekichoma. Alikuwa amekishonea ndani ya mto.

Alimwambia Safinah kwanza, kwa kuwa hakutaka kumwendea kisogoni. Alingoja wageni waondoke, akaketi karibu na mkeka.

"Mwenzangu, nataka useme ukweli. Wewe ni mke, na mimi ni mke. Sikunyang'anyi kitu. Watoto tu."

Safinah alikuwa ananyonyesha. Machozi yalimtoka bila sauti, yakamdondokea mtoto.

"Ukisema, dada, watauliza nani alimdhamini Mwacholi. Na mwaka huu unaona wanavyookota watu. Nina kaka mmoja tu."

"Na mimi nilikuwa na mume mmoja tu," Akwero alisema. "Nilikukopesha. Sasa sina hata wa kumlilia."

Safinah akamhamishia mtoto titi la pili. Ni kweli mwaka ule walikuwa wanaokotwa, Waacholi na Walangi, ofisini, kambini, nyumbani, kama mtu anayechambua mawe kwenye mchele. Akwero alijua. Lakini mfa maji haachi kutapatapa, na siku zilikuwa thelathini, na ishirini na mbili zilikwisha kwenda.

Uthman alikuja kesho yake, amepauka.

"Shemeji, hayo maneno ya nini? Mimi nilimficha mtu wako nikahatarisha shingo yangu. Ndiyo malipo?"

"Ulimficha, nakushukuru mpaka kesho. Waandike watoto."

"Nitawasomesha mimi."

"Njoo useme hivyo mbele ya wazee wenu. Waandike, watie sahihi."

Uthman akatazama chini. Kufa kufaana: mjini kila mtu alijua amekwisha kuweka arabuni ya Peugeot kwa fedha ambazo hazijatoka. Lakini tusimwonee pia. Kilichomtisha hakikuwa Peugeot. Wazee wangeuliza kwa nini awasomeshe watoto wa shemeji wa mbali wakati wake watano wanakwenda pekupeku, na kila jibu lilikuwa na kamba ndani yake.

"Utatuua wote," alisema, akaondoka bila kuaga.

Siku ya kusikilizwa mafao ya marehemu ofisini, Akwero alikichana kile kijimto, akakiweka cheti kifuani, chini ya nguo. Alimchukua Aloyo. Ocen hakumchukua, kwa kuwa angesema mjomba na angekuwa anasema anachokijua.

"Leo," alimwambia Aloyo njiani, "ukiulizwa, sema kweli. Yule alikuwa baba yako. Umesikia?"

"Nimesikia."

"Sema."

"Alikuwa baba yangu," Aloyo alisema. Hakuwa amelitamka neno hilo tangu ana miaka sita, na lilitoka limepinda kidogo.

Karani mkuu wa mafao aliitwa Erinayo, mzee wa Mengo, mtu wa tai na kikohozi, ambaye katika ofisi ile alijulikana kwa kutomtukana mtu. Akwero alikuwa amepiga hesabu zake juu ya uungwana wa mzee huyo. Hakupigia hesabu mgeni. Pembeni ya meza, kwenye kiti kilichoazimwa chumba kingine, alikaa mwanamume kijana mwenye shati la maua, anakula karanga za kukaanga kutoka kwenye kikaratasi. Hakuna aliyemtambulisha; mji mzima ulijua mashati kama hayo huvaliwa na makachero wa serikali. Erinayo alikuwa anaongea kana kwamba kiti hicho ni kitupu, na kila akitaka kukohoa alimgeuzia kwanza yule mtu uso wake, kama anayeomba ruhusa. Uthman alisimama ukutani kwa niaba ya Safinah.

Akwero alimwona yule kijana, akasita mlangoni. Lakini barua ilikuwa na siku nne zilizobaki, na hasira yake ilikuwa imechacha miaka minne. Akamketisha Aloyo kwenye benchi, akabaki amesimama.

"Bi Lukiah," Erinayo alisoma, r ikimtoka kama l kwa lafudhi ya kwao. "Dada wa malehemu. Mjane, watoto wawili. Umekuja kuomba nini, nyabo?" Nyabo ni bibi na ssebo ni bwana, kwa lugha ya kwao Mengo.

"Sikuja kuomba, ssebo. Nimekuja kusema watoto wangu wawili ni watoto wa marehemu. Waandikwe."

Uthman alifumba macho. Erinayo alishika fomu, akaisogeza karibu na pua, akaisogeza mbali, kama mtu anayeitafutia makosa ya kumsaidia.

"Nyabo, pole sana kwa msiba. Fikiri kwanza. Hapa kuna dole gumba lako. Linasema wewe na malehemu ni tumbo moja. Sasa watoto wako watakuwa wake kwa njia gani?"

Mwenye shati la maua akaacha kutafuna, kisha akacheka.

"Dada anazaa na kaka," alisema, kwa Kiswahili cha kambini. "Hii iko mpya. Endelea, mama."

Akwero hakuwa ameliona hilo. Katika usiku wote ule wa kufikiri, wa kupima nani atakufa na nani atasoma, hakuona kwamba uongo umekaa kitako muda mrefu hivi kiasi kwamba ukweli ndio sasa unanuka. Ndoa yake, ng'ombe wa baba yake, watoto wake wawili waliozaliwa kwa heshima, vyote vimekuwa uchafu wa kuchekewa na mtu anayekula karanga.

Yule kijana alifuta vidole kwenye suruali. Tangu asubuhi zilipokuwa zikitajwa fedha hakuwa ameandika kitu. Sasa alitoa daftari mfukoni, daftari dogo la shule, akaliweka gotini, akalamba ncha ya penseli.

"Huyu mama ni wa wapi hasa?" alimwuliza Erinayo.

"Gulu, afande. Wanubi wa Gulu. Hapa imeandikwa."

"Nimeuliza hasa."

Erinayo akakohoa, na kikohozi hakikuisha. Akwero akatia mkono kifuani. Aliigusa ile karatasi, imepata joto la mwili. Akiivuta, aibu inaondoka. Akiivuta, jina Oloya linakaa mezani karibu na sahihi ya Uthman, na penseli ile inaanza kazi. Alijua yote hayo, na akaanza kuivuta. Alikuwa amechoka kuwa dada.

"Ngoja," kijana alisema, akainua penseli. "Watu wazima wana maneno mingi. Leta mtoto. Mtoto hajui kudanganya. Wewe, simama. Jina?"

Aloyo alisimama, mikono nyuma, kama darasani.

"Aminah."

"Huyu aliyekufa alikuwa nani yako?"

Akwero alimwashiria bintiye kwa kichwa. Alimwashiria wazi, bila kuficha: sema. Aloyo alimwona. Kisha macho yake yakateremka kwenye daftari lililo gotini pa mtu yule, yakatulia hapo.

"Mjomba."

"Mjomba gani?"

"Mjomba Sulaimani. Kaka wa mama. Baba yetu alikufa zamani, mimi mdogo."

"Na mama yako mbona anasema ni baba?"

Hili hakuwahi kufundishwa. Hakuna jioni ya kuchambua mchele iliyofika hapa. Aloyo alimeza mate, akasema kwa sauti ile ile, bila kuharakisha:

"Mama ni mgonjwa, afande. Tangu mjomba afe halali. Anasema vitu. Juzi alimwita mdogo wangu jina la marehemu, akamwambia kaa tule. Bibi wanaokuja kusoma wanasema ni huzuni, itapita. Leo tulimkataza asije."

Uthman, pale ukutani, aliitikia kwa kichwa haraka haraka kama aliyeulizwa. Mwenye shati la maua alimtazama Akwero kutoka miguuni hadi kichwani, mtandio umelegea, midomo inatetemeka, mkono umezama kifuani, na akaona alichoambiwa aone. Akafunga daftari.

"Peleka mama yako kwa daktari," alisema, akaurudia ule mfuko wake wa karanga.

"Imekwisha, imekwisha," Erinayo akasema, na muhuri ukashuka mara mbili, mara ya pili pembeni ya karatasi. "Mke ni mmoja, mtoto ni mmoja. Dada tunampa pole."

Mkono wa Akwero ulikuwa bado kwenye cheti. Angeweza. Lakini sasa kukitoa ilikuwa ni kumwonyesha mtu yule kwamba msichana wa miaka kumi na moja amemdanganya machoni, na amemdanganya vizuri. Vidole vyake viliachia kimoja kimoja. Alipoutoa mkono, ulikuwa mtupu.

Bukoto waliiacha siku ya thelathini, na Safinah, ambaye eda ilimzuia kutoka, alisimama nyuma ya pazia mpaka mkokoteni ukakata kona. Walipata chumba cha udongo nyuma ya soko la Kalerwe. Ocen alisoma miaka miwili zaidi, Aloyo hakurudi shule, akawa anasaga karanga. Uthman alileta kilo mbili za sukari mara moja, baadaye hakuleta. Majirani wapya waliambiwa yule mama ni Rukiah, alifiwa na kaka yake, na kidogo akili si nzuri. Hakuna aliyejisumbua kulikanusha hilo, hata mwenyewe.

Siku yenyewe ya mafao, walipotoka ofisini, Akwero alitembea mbele bila kugeuka. Alipita maduka, akapita mtaro, akapita kituo cha polisi akiwa ameinamisha uso. Walipofika mahali ambapo hapakuwa na mtu alimgeukia mtoto akampiga kofi moja, kofi zito, la mtu mzima kwa mtu mzima. Aloyo aliyumba lakini hakulia.

"Nilikwambia nini njiani?"

"Niseme kweli."

"Sasa umefanya nini? Baba yako aliyekuzaa, aliyekubeba mabegani. Sasa ninyi wawili si watoto wake kwenye karatasi. Umemkana mbele za watu. Kwa nini umemkana baba yako?"

Aloyo alishika shavu lake. Alimtazama mama yake kwa huruma kidogo, namna mtu anavyomtazama asiyeona kitu kilicho mbele yake.

"Baba keshakufa, mama," alisema. "Wewe bado."